Mali Bila Daftari: Barua ya Wazi kwa Wanaoshika Hazina za Nchi Zinazoendelea

Kwenu mawaziri wa fedha na mipango, magavana wa benki kuu na wakuu wa ofisi za takwimu,

YAH: NAFASI YA KAZI ZA UBUNIFU KATIKA UCHUMI

Waheshimiwa,

Barua za wasanii huelekezwa kwa waziri wa utamaduni. Huyo anatujua. Hutupokea, hutupa vibali, hutualika kwenye sherehe za kitaifa na hutusikiliza kwa uvumilivu. Lakini kazi yangu kwa miaka mingi imekuwa kusoma mikataba ya wanamuziki, waandishi na watengenezaji wa filamu, na kila nikifuatilia mahali fedha zao zilipokwama, njia huishia kwenye meza zenu: forodha, benki, sheria ya kodi, jedwali la pato la taifa. Ndiyo maana nawaandikia ninyi.

Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari. Nianze na daftari.

Aprili 2014 Nigeria ilitangaza hesabu mpya za uchumi wake. Hadi wakati huo mwaka wake wa kizio, yaani mwaka unaotumiwa kama msingi wa kupimia uchumi, ulikuwa 1990. Filamu za video za nchi hiyo zilishika kasi kuanzia mwaka 1992, zikauzwa kanda kwa kanda ndani na nje ya mipaka, zikalisha waigizaji, wapiga picha, mafundi wa taa, washonaji wa mavazi na wachuuzi wa sokoni. Muda wote huo, kwa zaidi ya miaka ishirini, vitabu vya taifa vilikuwa vikipima uchumi kwa kipimo cha enzi ambayo filamu hizo zilikuwa hazijazaliwa. Mwaka wa kizio uliposogezwa hadi 2010, na filamu na muziki vikapewa safu yake pamoja na shughuli nyingine mpya kama simu za mkononi, pato la mwaka 2013 likaonekana kuwa takriban dola bilioni 510, na Nigeria ikaipita Afrika Kusini. Hakuna kiwanda kilichojengwa usiku mmoja. Watu walikuwa kazini tangu zamani. Hesabu ndiyo iliyochelewa.

Katika nchi nyingi hesabu bado imechelewa, na si kwa uvivu wa mtu. Mfumo wa kimataifa wa kuainisha shughuli za kiuchumi, ambao ofisi zenu za takwimu huufuata, umewatawanya watu wa fani hii. Katika toleo lake la nne, vitabu, filamu na rekodi za muziki viko kwenye habari na mawasiliano. Mbunifu wa mitindo na mpiga picha wako kwenye shughuli za kitaalamu. Mshonaji yuko viwandani. Kinachobaki kwenye safu ya sanaa na burudani ni maonyesho ya jukwaani, makumbusho, maktaba, michezo, na pia kamari na bahati nasibu. Kwa hiyo waziri anaposimama bungeni na kusema sanaa na burudani vimekua kwa asilimia kadhaa, huenda kilichokua ni kampuni za kubashiri matokeo ya mpira, wakati mchapishaji wa vitabu anafunga ofisi. Nawasihi mliangalie jambo hili kwa makini, maana sera inayojengwa juu ya safu hiyo itampongeza asiyehusika.

Dawa yake inajulikana. Colombia ilikuwa miongoni mwa nchi za kwanza kutengeneza akaunti tanzu ya utamaduni, inayookota vipande hivyo kutoka safu mbalimbali na kuviweka pamoja bila kuvuruga hesabu kuu. Kwenye uchunguzi wa nguvukazi, ongezeni swali la kazi ya pili na ya tatu, na mlichukulie kwa uzito. Mtu anayefundisha mchana na kupiga gitaa usiku huandikwa mwalimu. Mapato ya gitaa hayaandikwi popote.

Zipo takwimu mbili ambazo ningependa mzitazame kwa pamoja. Ripoti ya UNESCO ya mwaka 2022 ilikadiria kwamba sekta ya utamaduni na ubunifu huchangia asilimia 3.1 ya pato la dunia na asilimia 6.2 ya ajira zote. Wasemaji wetu hupenda kuzinukuu kama sifa. Mimi naona malalamiko ndani yake: sehemu ya ajira ni maradufu ya sehemu ya pato. Watu wengi wanagawana kidogo. Na mwaka 2020, janga la korona lilipofunga kumbi, ripoti hiyohiyo ilikadiria kwamba ajira milioni 10 za sekta hii zilipotea ndani ya mwaka mmoja. Serikali zilipotoa misaada ya dharura, fomu ziliuliza hati ya mshahara, mkataba wa ajira, namba ya mfuko wa hifadhi ya jamii. Mtu ambaye maisha yake yote amelipwa kwa onyesho moja moja angejaza nini hapo?

Sasa nije kwenye jambo lililonifanya nishike kalamu.

Wanaoitazama biashara hii kwa mbali hudhani fedha iko kwenye onyesho: tiketi, jukwaa, spika kubwa. Onyesho hulipa siku moja. Fedha inayodumu iko kwenye haki. Wimbo mmoja una mali mbili ndani yake, utunzi na rekodi, na kila moja inaweza kuwa na mwenyewe tofauti. Mkataba wa Berne, ule wa kimataifa wa hakimiliki, unaitaka nchi mwanachama ilinde kazi kwa uhai wote wa mtunzi na miaka 50 baada ya kifo chake, na nchi nyingi zimeongeza hadi 70. Wimbo unaotungwa leo na kijana wa miaka 22 unaweza kuwa unaingiza fedha mpaka karne ijayo. Kwa nani? Hilo huamuliwa na karatasi anayoisaini wiki hii.

Mwaka 1939 mjini Johannesburg, Solomon Linda na kundi lake walirekodi wimbo wa Mbube. Haki zake zilikwenda kwa kampuni ya kurekodi kwa shilingi 10. Wimbo ukavuka bahari, ukabadilishwa maneno, ukaimbwa na wanamuziki wasiohesabika, ukaingia kwenye filamu na majukwaa ya dunia nzima. Linda alifariki mwaka 1962 akiwa maskini.

Kisa hiki husimuliwa sana, na kwa kawaida husimuliwa ili watu wasikitike. Mimi naomba mtazame namna familia yake ilivyopata haki hatimaye, kwa sababu hapo ndipo penye kazi yenu. Sheria ya hakimiliki ya dola ya Uingereza ya mwaka 1911 ilikuwa na kifungu kinachosema kwamba haki aliyoiuza mtunzi enzi za uhai wake hurudi kwa warithi wake miaka 25 baada ya kifo chake, mkataba useme lolote liwalo. Mawakili wa Afrika Kusini walikifukua kifungu hicho. Mwaka 2004 kesi ikafunguliwa dhidi ya Disney, kampuni ya Marekani iliyoutumia wimbo huo kwenye filamu yake, na mwaka 2006 ikamalizwa kwa makubaliano yaliyowapa warithi fidia na sehemu ya mapato ya baadaye. Huruma ya dunia haikuwa imewafikisha popote kwa miaka zaidi ya arobaini. Kifungu kimoja cha sheria ndicho kilichowafikisha.

Uingereza yenyewe ilikiacha kifungu hicho katika sheria yake ya mwaka 1956, na makoloni ya zamani mengi yalipoandika sheria zake mpya hayakukirudisha. Wakati huohuo nchi tajiri zimewawekea watunzi wao njia nyingine. Marekani humruhusu mtunzi kudai haki alizozitoa baada ya miaka 35. Umoja wa Ulaya, kwa maelekezo yake ya mwaka 2019, uliziagiza nchi wanachama zimwezeshe mtunzi kuichukua tena kazi yake iwapo aliyepewa haki haitumii. Basi wa kwetu, ambaye anaingia kwenye mazungumzo akiwa hana wakili na anadaiwa kodi ya nyumba ya miezi mitatu, ndiye asiye na mlango wa kutokea.

Nimesoma mikataba ambayo kijana anatoa kila kitu "duniani kote, kwa muda wote wa ulinzi, kwa njia zote zinazojulikana sasa na zitakazogunduliwa baadaye," kwa malipo ya mkupuo ambayo hayatoshi hata kununua kinanda. Wengine husema huo ni ujinga wa wasanii, waelimishwe. Semina ni nzuri, lakini karibu wote niliowahi kuwauliza walielewa walichokuwa wanasaini. Walihitaji fedha Ijumaa, na hakuna mtu mwingine aliyekuwa tayari kuwapa.

Hapo ndipo benki zinapoingia, Waheshimiwa magavana. Mwanafilamu akienda kukopa huulizwa hati ya nyumba. Anaweza kuwa na mkataba uliosainiwa na kituo cha televisheni kinachosema kitanunua filamu ikikamilika, na karatasi hiyo haina thamani mbele ya ofisa mikopo. Benki ikikataa kuikopesha kazi, anayebaki mlangoni ni mnunuzi wa haki, na yeye ndiye anayepanga bei. Kila mkopo unaonyimwa leo ni hakimiliki inayouzwa kesho, na kwa vile wanunuzi wakubwa wako nje, ni fedha za kigeni zitakazotoka badala ya kuingia. Kwenye urari wenu wa malipo upo mstari wa malipo ya matumizi ya hakimiliki na hataza (haki za uvumbuzi). Fungueni mwone ni kiasi gani kinatoka na ni kiasi gani kinaingia.

Jambo hili lina ufundi wake, na ufundi huo umekwisha kubuniwa. Korea Kusini iliweka dhamana ya ukamilishaji: taasisi ya umma humdhamini mtengenezaji mwenye mkataba wa mauzo, benki humkopesha, na kazi inapokabidhiwa mnunuzi hulipa benki. Sheria ya mfano ya Umoja wa Mataifa kuhusu mikopo yenye dhamana, iliyopitishwa na UNCITRAL, tume ya umoja huo ya sheria za biashara ya kimataifa, mwaka 2016, inaruhusu mali ya ubunifu kuwekwa rehani. Nchi nyingi zinazoendelea tayari zina rejesta ya mali zinazohamishika, ambamo trekta na shehena ya mazao huandikwa kama dhamana. Kuongeza humo mirabaha ya wimbo, yaani malipo anayopata mwenye haki kazi yake inapotumiwa, au mkataba wa filamu ni suala la kanuni. Afreximbank, benki ya Afrika ya kugharamia biashara ya nje, nayo ilitenga dola milioni 500 kwa kazi za ubunifu mwaka 2020 na baadaye ikaongeza. Nazishukuru juhudi hizo, ila fungu la namna hiyo humfikia mwenye mradi wa mamilioni. Mshonaji mwenye cherehani nne na mchapishaji wa vitabu vya watoto watafikiwa na benki ya nchini mwao, au hawatafikiwa.

Kwenye mitindo picha ni ileile. Ripoti ya UNESCO ya mwaka 2023 ilionyesha kwamba nchi 37 kati ya 54 za Afrika hulima pamba, na bado bara linaagiza nguo, mavazi na viatu vya dola bilioni 23.1 kwa mwaka huku likiuza nje bidhaa za aina hiyo za dola bilioni 15.5. Pamba huondoka kama marobota. Mchoro, nembo na faida hukaa kwingine.

Nirudi kwenye muziki, kwa kuwa huko fedha inapotea kwa namna ambayo wengi wenu hamjaambiwa. Majukwaa ya kusikilizia muziki mtandaoni hayalipi kiwango kimoja kwa kila wimbo unaosikilizwa. Mapato ya usajili na matangazo ya kila nchi huwekwa kwenye chungu, kisha hugawanywa. Msikilizaji wa nchi ambako usajili ni wa bei ndogo huleta kidogo. Wa nchi tajiri huleta zaidi. Kwa hiyo msanii wa nchi inayoendelea anahitaji sana wasikilizaji wa nje, na ili fedha za nje zimfikie, wimbo wake lazima uwe na anwani: msimbo wa ISRC kwa rekodi, wa ISWC kwa utunzi, na majina ya watunzi yaliyoandikwa sawasawa. Msimbo ukikosekana, wimbo unapigwa, fedha inakusanywa, na mwenyewe hajulikani.

Mwaka 2021 taasisi ya Marekani iitwayo Mechanical Licensing Collective ilikabidhiwa na majukwaa hayo takriban dola milioni 424, mirabaha ya utunzi ambayo ilikuwa imelundikana kwa sababu nyimbo hazikuoanishwa na wenyewe. Sheria ya huko inaruhusu fedha zisizodaiwa, baada ya muda wa kungoja, zigawiwe wachapishaji wanaojulikana kwa kadiri ya ukubwa wao sokoni. Yaani fedha ya asiyeandikishwa huishia kwa aliyeandikishwa vizuri. Nchi inayoajiri vijana kumi wenye kompyuta kusajili nyimbo zake za miaka hamsini iliyopita, msimbo kwa msimbo, ingepata mapato ambayo hayahitaji bandari wala reli. Sijaona uwekezaji wa bei ndogo kuliko huo katika sekta nzima.

Kuhusu vyama na taasisi za kukusanya mirabaha nitasema lililo gumu. Wasanii wengi hawaziamini, na mara nyingi wana sababu: hawaoni orodha ya waliolipa, hawaoni kumbukumbu za nyimbo zilizopigwa, wanaona gharama za ofisi tu. Wekeni sharti la kuchapisha hesabu zilizokaguliwa kila mwaka, pamoja na kiasi alichopata kila aliye katika mgao. Lakini kabla ya kuwageukia wakusanyaji, tazameni wadaiwa. Katika nchi nyingi miongoni mwa wadaiwa sugu wa mirabaha ni redio na televisheni za serikali zenyewe. Chombo cha umma kikipiga nyimbo mchana kutwa bila kulipa, mwenye hoteli na mwenye basi atalipaje? Waziri wa fedha ndiye anayepitisha bajeti ya chombo hicho. Weka mstari wa mirabaha kwenye bajeti yake, nao ulipwe kama umeme unavyolipwa.

Mtaniambia hospitali kwanza. Nakubali hospitali kwanza. Ila karibu yote niliyoyaomba hayachukui dawa ya mgonjwa yeyote. Sheria ya filamu ya Colombia ya mwaka 2003 ilianzisha mchango unaotozwa ndani ya biashara ya filamu yenyewe, kwa waonyeshaji, wasambazaji na watayarishaji, ukaingia kwenye mfuko wa filamu za nchi hiyo. Kutoka filamu chache kwa mwaka, leo inatoa makumi. Ujerumani tangu mwaka 1965 hutoza vifaa vya kurekodia ili kufidia watunzi kwa kazi zinazonakiliwa nyumbani, na Burkina Faso hutumia utaratibu wa namna hiyo. Na ushuru wa forodha: Mkataba wa Florence wa UNESCO wa mwaka 1950, pamoja na Itifaki yake ya Nairobi ya mwaka 1976, unafungua njia ya vitabu na vifaa vya utamaduni kuingia bila ushuru. Kama nchi yako haijajiunga, jiunge. Kutoza gitaa au kamera kama anasa ni kumtoza fundi kwa kumiliki nyundo.

Kuna jambo moja ambalo wajumbe wa serikali wanaokwenda Seoul kujifunza hurudi bila kulitaja. Husimulia fedha za umma, sheria ya kukuza sekta za utamaduni ya mwaka 1999, siku maalumu za kuonyesha filamu za nyumbani. Yote ni kweli. Lakini kabla ya sheria hiyo, Oktoba 1996, Mahakama ya Katiba ya Korea Kusini ilitamka kwamba ukaguzi wa serikali wa filamu kabla ya kuonyeshwa ulikuwa kinyume cha katiba. Watengenezaji wakaachiwa kusema. Filamu ya Kikorea iliyotwaa Oscar ya filamu bora mwaka 2020, ya kwanza kushinda bila kuwa ya Kiingereza, inaonyesha waziwazi pengo kati ya matajiri na maskini wa nchi hiyohiyo. Kwa bodi nyingi za ukaguzi ninazozijua, mswada wake usingepita ukurasa wa tatu. Mwekezaji haweki fedha kwenye kazi inayoweza kuzuiwa wiki moja kabla ya kutoka, na benki haimkopeshi mtu ambaye kibali chake kinategemea hali ya moyo ya ofisa. Kibali kisichotabirika ni gharama, na gharama hiyo mnaweza kuipunguza bila kutoa senti.

Wanaokwenda kufanya maonyesho nje nao wanazuiwa na viza, ingawa Kifungu cha 16 cha Mkataba wa UNESCO wa mwaka 2005 kuhusu kulinda na kukuza tofauti za kitamaduni kinazitaka nchi zilizoendelea ziwape wasanii wa nchi zinazoendelea upendeleo. Wapeni mabalozi wenu kifungu hicho wakakidai kwa jina.

Kati ya yote, kifungu cha kurejesha haki kwa watunzi na warithi wao ndicho ningeomba kianze. Hakingoji akaunti tanzu ikamilike wala benki zikubali. Kiandikwe kwamba haki yoyote iliyouzwa kwa mkupuo inaweza kudaiwa tena baada ya muda uliotajwa, kwamba kazi isiyotumiwa na aliyeinunua humrudia mtunzi mapema zaidi, na kwamba mkataba hauwezi kuondoa masharti hayo. Rasimu yake haizidi ukurasa mmoja, na mikataba inasainiwa wakati barua hii inasomwa.

Naomba kuwasilisha.